Homa Si Malaria Mpaka Ipimwe: Namna ya Kutoa Hitimisho Kutoka kwenye Misingi

Mtoto amechemka usiku kucha. Asubuhi bibi anamgusa shingoni na kusema, "Malaria hiyo," na mtu anatumwa duka la dawa. Ukimuuliza bibi amejuaje, jibu analo: malaria huleta homa, na huyu ana homa. Kauli zote mbili ni za kweli. Hata hitimisho lenyewe linaweza kuwa la kweli. Tatizo ni kwamba halitoki kwenye kauli hizo mbili, na anayelikubali amekubali bahati, hajakubali hoja.

Kosa hili si la bibi peke yake. Kati ya mwaka 2007 na 2008 watafiti walifuatilia wagonjwa 870 waliolazwa kwa homa katika hospitali mbili za Moshi, mkoani Kilimanjaro. Wagonjwa 528 kati yao, zaidi ya asilimia 60, waliandikiwa kwamba wana malaria. Vipimo vya kina vilipokamilika, ambao homa yao ilitokana na malaria kweli walikuwa 14. Wengine walikuwa na bakteria kwenye damu, homa ya mgunda na homa ya Q (zote mbili hutoka kwa wanyama), chikungunya (ya virusi vinavyoletwa na mbu) na mengineyo. Matokeo hayo yalichapishwa mwaka 2013. Nayataja mwanzoni kwa sababu kosa la kufikiri halikuishia kwenye karatasi: mwenye bakteria kwenye damu akipewa dawa ya malaria anazidi kuumwa huku ndugu zake wakiamini anatibiwa.

Mwongozo huu ni wa yeyote anayetaka kukagua hoja, yake au ya mwenzake. Nitashika mfano wa homa mwanzo hadi mwisho, maana hakuna nyumba kwetu isiyoijua. Hatua zenyewe zinafaa pia kwenye kesi mahakamani, mahesabu ya duka na mabishano ya siasa.

Hatua ya 1: Iandike hoja, hitimisho chini na misingi juu

Chukua karatasi. Hitimisho ni kile unachotakiwa ukubali. Misingi ni zile kauli unazopewa ili ukubali. Kwenye mazungumzo vitu hivi huja vimechanganyika. Hitimisho mara nyingi hutanguliwa na "kwa hiyo", "basi" au "ndiyo maana". Msingi hutanguliwa na "kwa sababu", "kwa kuwa" au "si unaona". Pasipokuwa na neno lolote la kukuongoza, jiulize: katika yote aliyoyasema, anataka niamini nini?

Hoja ya bibi inakaa hivi:

Msingi: Mwenye malaria hupata homa.
Msingi: Mtoto ana homa.
Hitimisho: Mtoto ana malaria.

Hoja ikitamkwa na mtu mzima mwenye sauti yake husikika nzito. Ikishawekwa kwenye mistari mitatu inabaki na uzito wake yenyewe. Hapo unaweza kuuliza maswali mawili, na uyaulize mbalimbali: misingi hii ni ya kweli? Na hitimisho linafuata kutoka kwenye misingi hii? Hoja inaweza kufaulu swali moja ikafeli la pili. Ya bibi imefaulu la kwanza tu.

Hatua ya 2: Ibua msingi uliofichika

Hakuna anayesema kila kitu. Msemaji huacha kile anachodhani wote tunakijua, na mara nyingi hicho alichokiacha ndicho kibovu.

Sikiliza hii: "Shemeji kaenda Kigoma juzi, leo ana homa. Malaria ya Kigoma hiyo." Kigoma ina malaria nyingi, hilo halina ubishi. Lakini kutoka "juzi" hadi "leo" pana kauli haikutamkwa: kwamba mtu akiumwa na mbu mwenye vimelea, homa humwanza ndani ya siku mbili. Iandike kauli hiyo kwenye mstari wake, uikague kama nyingine. Haisimami. Vimelea vikiingia mwilini hukimbilia kwanza kwenye ini, vikazaliana humo, ndipo vikatoka kuingia kwenye chembe nyekundu za damu. Kwa aina ya malaria iliyoenea zaidi kwetu, kwa kawaida hupita siku 7 hadi 14 tangu kuumwa na mbu hadi homa kuanza. Siku mbili hazitoshi.

Kwa hiyo hoja imeanguka. Sasa angalia usiteleze upande wa pili: kuanguka kwa hoja hakumaanishi kwamba shemeji hana malaria. Huenda aliumwa na mbu wiki mbili nyuma akiwa nyumbani kwake. Ulichobomoa ni njia iliyopita kwenda kwenye hitimisho, hitimisho lenyewe bado halijaguswa. Wanaobishana kila siku husahau hili, wakidhani mwenzao akishatoa sababu mbovu basi kinyume cha alichosema kimethibitika. Shemeji bado anahitaji kupimwa.

Hatua ya 3: Angalia "ikiwa" inaelekea wapi

Hapa ndipo hoja nyingi zinapokufa, kwa hiyo tukae kidogo.

Wazee walisema dalili ya mvua ni mawingu. Walichosema ni kwamba mvua ikija, mawingu hutangulia. Hawakuahidi kwamba kila wingu litanyesha, na mkulima wa Dodoma anayajua vizuri mawingu yanayopita juu ya shamba mwezi wa Novemba bila kuacha tone. Kutoka kwenye mvua kwenda kwenye mawingu njia ipo. Kurudi kutoka kwenye mawingu kwenda kwenye mvua njia haipo, mpaka uletewe msingi mwingine.

Chukua kauli ambayo ni kweli kabisa: ikiwa mtu anaumwa malaria, basi ana vimelea vya malaria mwilini. Kutoka hapo watu hujaribu kutoa mahitimisho ya namna nne.

Ya kwanza: anaumwa malaria, kwa hiyo ana vimelea. Linafuata.

Ya pili: hana vimelea, kwa hiyo haumwi malaria. Nalo linafuata, na kwangu hii ndiyo hoja yenye faida kuliko zote, maana ndiyo inayokuwezesha kuondoa jambo kwenye orodha ukalisahau.

Ya tatu: ana vimelea, kwa hiyo anaumwa malaria. Halifuati. Sehemu zenye mbu wengi wapo watu wazima wanaotembea na vimelea kwenye damu bila kuumwa, kwa sababu miili yao imejijengea kinga kiasi baada ya kuambukizwa mara nyingi tangu utotoni.

Ya nne: haumwi malaria, kwa hiyo hana vimelea. Halifuati, kwa sababu hiyohiyo.

Ya tatu na ya nne zinawateleza watu kwa sababu zinafanana mno na mbili za kwanza. Hoja ya bibi ni ya namna ya tatu: kashika matokeo, kayatumia kama uthibitisho wa chanzo. Ukiona mtu anatoka kwenye dalili kwenda kwenye chanzo, simama umuulize kama kuna chanzo kingine kinacholeta dalili hiyo.

Mambo mawili ya kuongeza. Kauli ya "ikiwa" ikibeba "kwa kawaida" ndani yake, hata namna ya pili inalegea. "Mwenye malaria kwa kawaida huwa na homa" haikupi ruhusa ya kusema "mwili wake sasa hivi hauna joto, kwa hiyo si malaria", maana homa ya malaria hupanda na kushuka. La pili ni tofauti kati ya "ikiwa" na "ikiwa tu". "Utapewa dawa ikiwa kipimo kitaonyesha vimelea" ni ahadi. "Utapewa dawa ikiwa tu kipimo kitaonyesha vimelea" ni sharti: inasema bila vimelea hupewi, haisemi kwamba ukiwa navyo lazima upewe. Mikataba mingi huleta ugomvi kwenye neno hilo moja.

Hatua ya 4: Jaribu kuivunja

Ikiwa hukumbuki lolote katika hatua ya tatu, kumbuka hili. Chukulia misingi yote ni ya kweli, kisha utafute hali moja tu ambamo hitimisho ni la uongo. Ukiipata, hitimisho halilazimiki. Ukitafuta kwa bidii ukaikosa, una sababu nzuri ya kuanza kuamini.

Ivunje hoja ya bibi: mtoto ana homa, malaria huleta homa, lakini mtoto ana nimonia. Misingi imebaki kweli na hitimisho limekuwa uongo. Hali hiyo si ya kubuni. Watafiti waliwachunguza watoto 1,005 waliofika kliniki za Dar es Salaam na Ifakara wakiwa na homa, wakachapisha matokeo mwaka 2014. Karibu 62 katika kila 100 walikuwa na maambukizi ya njia ya hewa. Wenye malaria walikuwa kama 1 katika kila 10.

Bibi naye ana jibu, na ni jibu la kuheshimiwa: "Mbona mwaka jana alipewa dawa mseto akapona?" Hii ni hoja mpya, nayo iandike. Misingi: alipewa dawa ya malaria, baadaye akapona. Hitimisho: ilikuwa malaria. Msingi uliofichika ni kwamba asingepona bila dawa hiyo. Sasa tafuta hali ya kuivunja. Homa nyingi za watoto huletwa na virusi, na mwili huzimaliza wenyewe ndani ya siku chache. Mtoto mwenye homa ya namna hiyo akipewa dawa mseto Jumatatu atakuwa anacheza Alhamisi, na akipewa maji tu Jumatatu, Alhamisi atakuwa anacheza vilevile. Kupona baada ya dawa hakutoshi kuonyesha kuwa ameponywa na dawa.

Naichukulia hoja hii kwa uzito kwa sababu inajilisha. Kila homa inayoisha yenyewe baada ya dawa inahesabiwa kama ushahidi kwamba ilikuwa malaria, na ushahidi huo unaongeza nguvu ya kuiita homa ijayo malaria. Mtu anaweza kuishi miaka 40 akikusanya uzoefu wa namna hii bila hata mara moja kupata nafasi ya kugundua kwamba amekosea. Uzoefu unafundisha pale tu ambapo kukosea kungeonekana.

Hatua ya 5: Pima nguvu ya kila kiungo

Maisha hayatupi misingi ya uhakika mara nyingi. Tunachopata ni yumkini, na yumkini ina hesabu zake.

Kiangalie kipimo cha haraka cha malaria pale zahanati. Mtaalamu anatoboa kidole, anaweka tone la damu kwenye kitundu, anaongeza matone ya dawa ya maji, anasubiri dakika 15 au 20 kutegemea aina ya kipimo. Kwenye kidirisha pana herufi mbili, C na T. Mstari wa C haukuambii chochote kuhusu mgonjwa. Unakuambia kipimo kimefanya kazi. Mstari wa C usipotokea, kipimo ni batili hata kama T imejitokeza nyekundu, na hakuna hitimisho linalotolewa, si la kuwa na malaria wala la kutokuwa nayo. Kipimo kinarudiwa. Waliokitengeneza waliweka msingi uliofichika mahali ambapo kila mtu anauona, nami natamani hoja zetu zote zingekuwa na mstari wa C.

Tuseme C ipo na T ipo, hata kama T ni hafifu. Watu husema, "Ana malaria." Kwa kweli wameruka viungo kadhaa. Mstari wa T unaonyesha kuna protini ya vimelea kwenye damu. Protini inaashiria vimelea. Vimelea hivyo vinachukuliwa kuwa vipo sasa, si vya zamani. Kuwapo kwavyo sasa kunaashiria ndivyo vilivyoleta homa hii. Kila kiungo kina upenyo wake: protini ambayo vipimo vingi hutafuta inaweza kubaki kwenye damu kwa wiki kadhaa baada ya mtu kutibiwa na kupona, na tumeshaona vimelea vinaweza kuwapo bila kuwa chanzo cha ugonjwa. Ukiwa na viungo vinne, na kila kimoja ukakiamini kwa asilimia 90, mnyororo mzima haubaki na asilimia 90. Zidisha 0.9 × 0.9 × 0.9 × 0.9: unapata kama asilimia 66. Hoja ndefu yenye viungo vizuri inaweza kuwa dhaifu kuliko hoja fupi yenye kiungo kimoja cha wastani. Ndiyo maana mtaalamu mzuri anauliza, "Amemeza dawa ya malaria karibuni?" Swali hilo moja linakaza kiungo kizima.

Kuna msingi mwingine unaosahaulika hata na waliosoma: jambo lenyewe limeenea kiasi gani kabla hujapima? Katika utafiti wa kitaifa wa Tanzania wa mwaka 2017, watoto wa miezi 6 hadi 59 waliokutwa na malaria kwa kipimo cha haraka walikuwa asilimia 24 mkoani Kigoma, na chini ya asilimia 1 mikoa kama Kilimanjaro na Arusha. Je, mstari uleule unamaanisha kitu kilekile Kigoma na Moshi?

Fanya hesabu kwa kipimo cha mfano, kinachowakamata wagonjwa 95 katika kila 100, na kinachowaita wagonjwa kimakosa watu 5 katika kila 100 wasio na malaria. Mahali pa kwanza, kati ya watu 1,000 wenye homa, 500 wana malaria. Kipimo kinawakamata 475, na kati ya 500 wasio nayo kinawasingizia 25. Waliopata mstari ni 500, na 475 kati yao ni kweli: asilimia 95. Mahali pa pili, kati ya watu 1,000 wenye homa, 20 tu wana malaria. Kipimo kinawakamata 19. Lakini wasio nayo ni 980, na kinawasingizia 49. Waliopata mstari ni 68, wa kweli 19: asilimia 28.

Kipimo ni kilekile, mtaalamu ni yuleyule, mstari ni uleule, na hitimisho limeporomoka kutoka karibu yakini hadi chini ya theluthi moja. Geuza uone upande wa pili: pale malaria ni chache, waliokosa mstari ni 932 na mgonjwa aliyepotea ndani yao ni 1. Mahali kama hapo "hakuna malaria" ndilo hitimisho unaloweza kuliegemea bila wasiwasi.

Hatua ya 6: Sema kwa kiwango cha misingi yako, kisha uamue kando

Lugha yetu ina ngazi za kutosha: lazima, bila shaka, yumkini, huenda, haiwezekani. Chagua ngazi ambayo misingi inaifikia. "Ni malaria" na "huenda ni malaria, tupime" ni mahitimisho mawili tofauti, na la pili ndilo ambalo homa peke yake inaliruhusu. Tangu mwaka 2010 Shirika la Afya Duniani linataka kila anayeshukiwa kuwa na malaria apimwe kabla ya kutibiwa, watoto wadogo wakiwemo.

Kuamua nako ni kazi nyingine. Mtoto anayedegedeka, asiyenyonya, asiyeamka, mbali na kipimo chochote, hasubiri yakini. Hapo hata uwezekano mdogo wa malaria kali unatosha kumwanzishia dawa huku akikimbizwa hospitali, kwa kuwa gharama ya kukosea upande mmoja ni kifo. Aliyefanya hivyo hajahitimisha kwamba ni malaria. Ameamua kutenda akiwa na shaka, na shaka hiyo aiseme atakapofika ili wenzake waendelee kutafuta.

Zoezi

Mwaka 1966 mwanasaikolojia Peter Wason wa Uingereza aliwapa watu kadi nne na kanuni moja ya "ikiwa", akawauliza ni kadi zipi lazima zigeuzwe ili kujua kama kanuni imevunjwa. Wengi mno walikosea. Hili ni zoezi la aina hiyo, nimelivisha nguo za zahanati.

Kanuni: ikiwa mgonjwa amepewa dawa mseto, basi kipimo chake kilionyesha vimelea. Kila kadi ina dawa upande mmoja na kipimo upande wa pili. Mezani unaona pande hizi: "amepewa dawa mseto", "hakupewa", "vimelea vipo", "vimelea havipo". Chagua kabla hujaendelea kusoma.

Wengi huchagua ya kwanza na ya tatu. Ya kwanza ni sawa: nyuma yake kukiwa na "havipo", kanuni imevunjwa. Ya tatu haina la kukuambia. Mwenye vimelea akiwa amepewa dawa, kanuni imetimia. Akiwa hakupewa, kanuni haikusema lazima apewe, ingawa kwa mgonjwa huyo kuna swali jingine zito la kuulizwa. "Hakupewa" nayo iache. Kadi inayokwepwa, na ambayo ni lazima igeuzwe, ni "vimelea havipo". Ukikuta nyuma yake "amepewa dawa mseto", umempata mgonjwa ambaye kanuni ilivunjwa kwake, na ambaye homa yake bado hakuna aliyeitafutia chanzo.